Mwamba wa Mnara wa Arobaini na Saba

6 Februari

Mdogo wangu Futi,

Kaa chini kwanza. Umekaa? Haya. Nyumba yetu imepigwa alama ya X.

Jumanne walikuja watu wa mradi wenu, wanaume wawili na msichana wa kuandika, wote na kofia ngumu kana kwamba mbingu itawaangukia. Mmoja akavuta futi kutoka kwenye kigingi hadi ukutani kwetu, akataja namba, msichana akaandika. Wa pili akachovya brashi kwenye rangi nyekundu, akachora X kubwa pembeni mwa dirisha langu. Hawakupiga hata hodi. Baba alikuwa kibarazani na redio yake, na unajua macho yake siku hizi, anaona vivuli tu. Akauliza, "Nani huyo ananipakia rangi nyumba?" Wakamjibu, "Mzee, uko ndani ya mkuza." Ndipo nikajifunza kwamba mkuza ni ukanda wa chini ya nyaya za umeme mkubwa, ambamo binadamu haruhusiwi kuishi.

Wametuachia karatasi, nimemsomea Baba mara tatu. Tusijenge. Tusikarabati. Tusipande kitu kitakachozidi kiuno cha mtu. Lakini pia tusihame, mpaka karani wa uhamisho aje kutuandikisha, maana nyumba ikikutwa tupu inafutwa kwenye orodha. Atakuja lini? "Kwa wakati wake," inasema karatasi. Akishatuandikisha tunajengewa nyumba nyingine kule juu barabarani, vyumba vitatu, sakafu ya saruji.

Sasa nikwambie la moyoni, na ole wako ulitoe. Niliingia chumbani, nikafunga mlango, nikajipigia vigelegele kwa sauti ya chini. Miaka kumi na moja tangu Mama atutoke nimo humu, nachota, napika, nashona, nasoma dawa ya macho ni matone mangapi. Shangazi alishasema Baba akihamia barabarani karibu na zahanati, yeye atakuja kukaa naye. Huku bondeni hataki hata kusikia. Na rafiki yangu wa karakana ya sare za shule kule mjini ananishikia nafasi ya mkataji vitambaa mpaka mwisho wa Juni. Futi, ninaondoka!

Baba, leo siku ya tatu, redio hajaiwasha. Mabati mapya ya jikoni yameegemea ukuta, haturuhusiwi kuyapandisha.

Ila nieleze jambo moja. Mwaka jana ulisema laini itapita ng'ambo ya kijito. Imefikaje kwetu?

Barua hii nampa dereva wa lori la vyuma vya minara. Nijibu kwa mkono wake huyo huyo, maana huko porini simu yako haishiki, na yangu haina chaji tangu Jumapili.

Dada yako


21 Februari

Dada,

Shikamoo, na Baba mpe shikamoo yake. Barua yako nimeisomea juu ya ndoo iliyopinduliwa, ndiyo kiti changu. Tunalala wanane kwenye kontena moja, na anayekoroma kuliko wote ni mpishi, kwa hiyo hakuna wa kumkemea.

Umefurahi, nami nimefurahi. Ulistahili zamani.

Kuhusu laini, hiyo haina undugu, inafuata udongo. Mnara wa arobaini na saba ulikuwa ukae ng'ambo, pale karibu na shule ya zamani. Tukakuta mwamba. Mnara una miguu minne, kila mguu unataka shimo lake la kwenda chini mita nne, na mwamba maana yake ni baruti na wiki sita za kungoja. Basi tukaupiga kona ukaja upande wenu. Mambo ya kazi tu, usiyaumizie kichwa.

Karani atafika Machi. Anza kufungasha polepole. Na umwambie Baba asitegemee taa: umeme wa nyaya zile ni mkubwa mno, hauteremki nyumbani kwa mtu mpaka upite kituo cha kupozea, na cha karibu nanyi hakipo. Mtausikia ukipita tu.

Mdogo wako,
Futi


17 Aprili

Futi,

Machi yako imekuja, imeaga, imekwenda. Karani hajaonekana hata kivuli.

Mvua ndiyo imefika. Jikoni panavuja mahali saba, nimehesabu kwa masufuria. Nilimleta fundi apandishe bati moja tu, moja! Hajapiga hata msumari wa pili, akatokea mlinzi wa mkuza, yule tuliyempa jina la Filimbi, akapuliza, akatuandika kitabuni: kosa la kwanza. Makosa matatu tunafutwa. Kwa hiyo sasa napika nimeshika mwamvuli. Cheka, cheka tu, ningekuwa mimi ningecheka. Cherehani nimeihamishia chumbani kwa Baba, tunabanana humo yeye na kifua chake, mimi na sare za watu.

Sokoni nakwenda mbio, narudi mbio, kama niliyeacha maziwa motoni. Nikichelewa nusu saa roho inanidunda: je, karani kaja? Karakana nimewatumia ujumbe. Wamesema mwisho wa Juni, hata siku moja hawaongezi.

Sasa sikiliza hili. Siku nilipomsomea Baba barua yako, nilipofika penye mwamba akasema, "Rudia." Nikarudia. Akacheka, kicheko cha kwanza tangu Februari. "Mwamba? Pale shule ya zamani?"

Futi, hivi umesahau baba yako alikuwa na kazi gani? Watu wa bonde hili lote wamekunywa maji ya sululu lake. Kisima cha ile shule alikichimba yeye, mwaka uliozaliwa wewe. Futi arobaini na mbili: udongo mwekundu, mchanga, maji. Hakugonga hata kokoto. Nikamwambia labda mwamba uko pembeni. "Pembeni ipi?" Kesho yake akamwomba jirani yetu Mama Mapacha amshike mkono, wakavuka kijito na kipande cha nondo, akawa anakichomeka ardhini hapa na pale. Kinazama, anasema, kama sindano kwenye mto wa kulalia. Amerudi na matope mpaka magotini, furaha imemjaa mpaka nikaogopa. "Wamekosea hesabu hao," anasema. "Wakijua, watairudisha laini yao ng'ambo, na rangi yao wataifuta kwa mikono yao." Anataka kwenda ofisini kwao. Nimemzuia mpaka sasa. Nimwambie nini?

Dada yako


2 Mei

Dada, naandika haraka, dereva anapiga honi.

Usimwache Baba aende ofisini. Nimesema usimwache. Minara imeshasimama, nyaya zimeshavutwa mpaka wa sitini, hakuna wa kuzirudisha kwa ajili ya mzee na nondo. Mwamba wa visima si mwamba wa minara, mwambie hivyo. Karani atakuja mwezi huu. Kaza roho.

Futi


20 Mei

Mwanangu,

Anayeandika ni dada yako, maneno ni yangu. (Amenitaka niape kwamba nitaandika kila kitu. Nimeapa.)

Nimesomewa barua yako. Miaka thelathini na nne nimeshuka chini ya ardhi kwa kamba, na watu wakinitania kwamba mchimba kisima huingia mwenyewe, nami nikiwajibu, ndiyo, na hutoka na maji. Sasa unifundishe mawe? Jiwe ni jiwe. Halijui kama juu yake pana ndoo au pana mnara.

Ofisini nimekwenda. Dada yako usimlaumu, nilitoka akiwa anaoga. Mhandisi mkuu ni mtu mwenye adabu, alinipa kiti. Nikamweleza. Akafungua kitabu cha wapima akanisomea: mnara arobaini na saba, mwamba, laini ihamishwe. Nikauliza, nani kaandika? Akasema sahihi haisomeki, ila yeye atachunguza. Mpaka hapo, uhamisho wetu umesimamishwa, eti hii sasa ni nyumba yenye mgogoro. (Ndiyo, Futi. Umesimamishwa. Karani aligeuzwa akiwa njiani.)

Wewe uko ndani ya kazi hiyo. Kati ya wapima wenzako yumo mmoja mwongo, au mvivu aliyeogopa kulowa miguu kwenye kijito. Mtafute, umpeleke kwa mhandisi. Mtu wa namna hiyo (hapa amesema neno ambalo kiapo changu hakilifikii) hafai kushikishwa hata kamba ya mbuzi. Mimi nyumba ya barabarani sikuiomba. Nataka nife humu alimofia mama yenu.

Kifua kinanisumbua kidogo. (Si kidogo.)

Baba yenu


9 Juni

Dada,

Hii isome peke yako. Mpima huyo ni mimi.

Mwamba hakuna. Haukuwahi kuwapo. Unaikumbuka barua yako ya mwaka jana, ulipoandika, "Futi, nitazeekea jikoni humu, nyumba hii hainiachii mpaka iangukiwe na kitu"? Nilitembea nayo mfukoni miezi. Siku tuliyopanda kigingi cha arobaini na saba, wenzangu walikuwa wamekwenda kula. Nikatazama kijito, nikatazama paa letu. Hatua sitini, Dada, sitini tu. Nikajiambia Baba hahamishiki kwa maneno, basi na ahamishwe na umeme. Atapata nyumba ya maana, zahanati karibu, wewe utakuwa huru, na hakuna atakayeumia. Nikang'oa kigingi. Kitabuni nikaandika mwamba, kwa sababu mwamba hakuna anayebishana nao.

Isipokuwa baba yangu! Kati ya uongo wote uliopo duniani, mtoto wa mchimba visima nikaenda kuchagua huo. Tangu barua ya Baba sili. Anataka nimtafute mtu huyo nimpeleke kwa mhandisi.

Hali yenyewe ni hii. Mhandisi amesema malalamiko yakibaki, tarehe kumi Julai atapeleka watu wachimbe pale shuleni. Wakichimba, mimi nimekwisha, kazi na pengine kifungo. Na nyumba yetu itaitwa ya udanganyifu, itafutwa. Laini haitarudi ng'ambo, wamekwisha kuijenga. Mtabaki chini ya nyaya, bila nyumba mpya na bila ruhusa ya kuziba tundu.

Njia ni moja. Humu ndani nimetia karatasi niliyoipiga taipu mwenyewe. Inasema Baba alikosea, umri umempita, amekumbuka kwamba mwamba upo. Akiitia dole gumba, mgogoro unaisha, karani anakuja ndani ya wiki mbili, na wewe unawahi karakana.

Najua hatakubali. Mwambie ni karatasi ya kuandikishwa nyumba. Haoni, Dada. Mwongoze kidole tu.

Najua ninachokuomba. Nisamehe, lakini kifanye.

Futi


28 Juni

Futi,

Nilipomaliza kukusoma nilitaka kukupiga makofi. Kisha nikalia. Kisha nikataka kukupiga tena.

Nani alikutuma? Niliandika nina hasira, mtu akiwa na hasira si anaandika! Ungenijibu. Ungeomba likizo ya wiki mbili ukaja kukaa na baba yako, nikapumua. Njia hiyo ilikuwa fupi kuliko kuhamisha laini ya umeme ya nchi nzima, na mpima mzima hukuiona.

Lakini kwa kuwa umenipa ukweli wako, chukua na wangu. Jumatano nilikichovya kidole cha Baba kwenye wino. Nilimwambia ni karatasi ya nyumba, kama ulivyonifundisha. Akanipa mkono bila kuuliza. Bila kuuliza, Futi, mtu anayeuliza hata chumvi nimenunua duka gani! Kidole kikiwa tayari juu ya karatasi, akanitania: "Macho yangu ni wewe. Ukiniuza, utaniuzia wapi, na nani atanunua?" Nikamwambia wino umekauka. Nikamfuta kidole kwa ncha ya gauni langu.

Sikuweza. Na kukaa pia siwezi. Nimekuwa mdomo wako kwake na mkono wake kwako, kila mmoja ananiambia ya mwenzake ya kuficha, na mimi ndiye ninayepikia chini ya mwamvuli. Kama mwaka jana nilikuwa nimenasa, nilinasa kwa Baba peke yake, tena kwa mapenzi. Sasa umenifungia na wewe humo humo.

Kesho asubuhi dereva wa lori ananishusha mjini. Jumatatu niko karakana. Shangazi ameteremka bondeni kwa siku kumi, analalamika tangu mguu wake wa kwanza ulipoingia mlangoni, na siku ya kumi na moja anasema hayupo hata afungwe kamba. Barua yako na karatasi yako nimezitia bahasha moja, nimemwekea Baba chini ya redio. Nimemwambia, "Hii ni ya Futi, anakuja kukusomea mwenyewe." Akauliza inasema nini. Nikasema sijui. Huo ni uongo wangu wa mwisho kwa ajili yako.

Dawa ya macho ni matone mawili kila jicho, asubuhi na jioni. Ya kifua iko kwenye kopo la chai. Karani akikuta nyumba tupu, shauri yenu.

Njoo.

Dada yako


14 Septemba

Dada,

Shikamoo. Anwani ya karakana nimepewa na dereva. Nisamehe kwa ukimya. Ameniambia umenenepa na unacheka na watu, nimefurahi kweli.

Nilifika siku ya tisa. Shangazi alikuwa amekalia begi lake mlangoni. Hakunisalimu, alisema tu, "Huyo hapo baba yako," akashika njia.

Nilimsomea ile barua yangu. Ile sehemu ya kidole niliiruka. Akasema, "Umeruka kitu. Umevuta pumzi pasipo na nukta." Nikaisoma. Akapapasa redio, akaizima. Kisha akauliza, "Hatua ngapi?" Nikamjibu sitini. "Sitini," akasema. Hakunitukana, Dada. Ningemshukuru kama angenitukana.

Karatasi ile niliichana mbele yake, akausikia mchaniko wake. Kesho yake nikaenda kwa mhandisi mkuu kabla hajatuma wachimbaji, nikasema yote. Walinivua kofia na kitambulisho hapo hapo. Uchunguzi umefunguliwa. Mpaka ufungwe siruhusiwi kuondoka: kila Jumatatu naripoti ofisini kwao na kutia sahihi, na makazi niliyoandikiwa ni nyumba hii. Nimeuliza utakwisha lini. Wamesema labda mwakani, labda mwaka wa pili yake. Nyumba bado ni yenye mgogoro. X iko pale pale, Filimbi anapita kila siku, na makosa yetu sasa ni mawili, kwa sababu wiki ya kwanza nilijifanya shujaa nikapanda juu na kipande cha turubai. Baba kukarabati hawezi, kuhama hawezi. Mimi vilevile.

Umeme waliuwasha Agosti. Nyaya zinavuma kutwa kucha, na kukiwa na ukungu zinatatarika. Ile kamba yako ya chuma ya kuanikia nguo inauma vidole. Juzi niliruka na shati la Baba mkononi. Nikamweleza kwamba umeme mkubwa ukipita juu unaamsha umeme mdogo kwenye chuma kilicho chini yake, ndiyo maana nimeweka kamba ya katani na kuchimbia waya wa paa ardhini. Akanisikiliza mpaka mwisho. "Kumbe ukweli pia unajua kuueleza," akasema. Na humu ndani tunawasha kibatari.

Kila siku baada ya chai ananiambia nimsomee ile barua. Yote, na kidole chake ndani. Nilimuuliza kwa nini. Akasema, "Dada yako hayupo, hakuna barua nyingine." Naisoma. Nimeshaijua kwa moyo, lakini nisipoifungua karatasi anajua.

Anakuulizia asubuhi, anakuulizia jioni. Ananiagiza nikuandikie urudi hata kwa wiki mbili, eti kifua. Kifua hakijazidi pale ulipokiacha, ila nimegundua kinakohoa zaidi kikinisikia niko karibu. Na nikuambie, barua hiyo niliiandika. Kurasa mbili. Nilikueleza jinsi anavyopapasa kiti chako, jinsi ninavyounguza chakula, jinsi nilivyochoka wiki kumi tu za ile miaka yako kumi na moja. Ilikuwa barua nzuri, ungelia, ungepanda gari siku hiyo hiyo. Nimeichana leo asubuhi.

Lakini najijua. Nitaandika nyingine. Mtu akikaa humu anaandika chochote, wewe ndiye shahidi. Kwa hiyo nakuwahi leo, nikiwa bado na akili zangu. Ikikufikia barua yenye jina langu, au la Baba kwa mwandiko wangu, inayokuita, hata kama inasema anakata roho, muulize dereva kwanza. Na dereva akisema bado anasikiliza redio, kata vitambaa vyako.

Usirudi, Dada.

Futi